Sukari Isiyo na Shamba: Historia ya Peremende za Kichawi katika Vitabu vya Watoto

Peremende ya kichawi, yaani kitamutamu cha kubuni ambacho ndani ya hadithi humgeuza anayekila, humfunga kwa tamaa au humpa asichoweza kukipata katika maisha ya kawaida, imependwa mno na waandishi wa watoto wa Ulaya, hasa Uingereza, tangu karne ya 19. Mara nyingi husomwa kama alama ya ulafi na adhabu yake, na usomaji huo una nguvu yake, lakini humwachia mwanahistoria swali lisiloulizwa vya kutosha: kwa nini uchawi uliwekwa kwenye sukari, na kwa nini sura yake ilibadilika kila baada ya kizazi kimoja au viwili? Vitabu hivyo vikisomwa sambamba na historia ya bidhaa yenyewe, hudhihirika kwamba peremende ya kubuni ilifuata sukari halisi hatua kwa hatua, na kwamba kila ilipozidi kuwa ya ajabu ndipo shamba, bei na mikono ya wafanyakazi vilipozidi kufichwa.

Kwa sehemu kubwa ya historia yake sukari haikuhitaji mtunzi wa hadithi ili iwe ajabu. Muwa ulianzia Guinea Mpya, ustadi wa kuchemsha maji yake hadi yakaganda kuwa chembechembe ulikomaa Bara Hindi, na kuanzia karne ya 7 zao hilo lilienezwa na Waislamu kupitia Uajemi na Misri hadi Andalusia. Nasir Khusraw, mshairi na msafiri wa Kiajemi aliyefika Kairo mwishoni mwa miaka ya 1040, alieleza karamu ya jumba la Wafatimiya ambamo palisimamishwa mchungwa uliotengenezwa kwa sukari, pamoja na matawi na majani yake. Wafalme wa Ulaya waliiga desturi hiyo baadaye, wakawaletea wageni ngome na wanyama wa sukari kati ya mlo na mlo, na ishara ya kitendo hicho haikuhitaji kufafanuliwa, kwa sababu sukari ilikuwa bado inauzwa na wauza dawa kwa vipimo vidogo, pamoja na pilipili na viungo vingine vya mashariki. Aliyeweza kuvunja ngome ya sukari na kuigawa mezani alikuwa akitafuna utajiri mbele ya watu.

Mkulima wa kawaida hakuota ndoto hiyo. Katika ngano za Nchi ya Cockaigne, ambayo ni nchi ya kubuni ya uvivu na shibe iliyosimuliwa Ufaransa, Ireland, Ujerumani na Uholanzi kuanzia karne ya 13, wanaofika hukuta bata bukini waliokwisha kuokwa wakiruka wenyewe kuelekea vinywani, na Pieter Bruegel alipoichora nchi hiyo mwaka 1567 alijaza picha yake nguruwe mwenye kisu ubavuni, yai lenye miguu na watu watatu waliolala chali kwa kuvimbiwa. Njaa inayoonekana humo ni njaa ya nyama na mafuta. Ili mtoto wa mtu maskini aote nyumba ya sukari, ilibidi kwanza sukari ishuke kutoka meza ya mfalme hadi dukani, kisha itoweke dukani humo.

Hali hiyo ilitimia mapema katika karne ya 19. Kufikia wakati huo visiwa vya Karibi vilikuwa vimeigeuza sukari kuwa bidhaa ya kila siku kwa kazi ya Waafrika waliosafirishwa na kufanywa watumwa, na nchini Uingereza wastani wa matumizi ya mtu mmoja kwa mwaka ulikuwa umepanda kutoka takriban ratili 4 mwaka 1700 hadi takriban ratili 18 mwaka 1800. Mnamo Novemba 1806 Napoleon alitangaza mjini Berlin marufuku ya biashara kati ya bara la Ulaya na Uingereza, na sukari ya miwa ikawa adimu kote katika nchi alizozitawala. Miongoni mwa nchi hizo ulikuwamo Ufalme wa Westphalia, uliokabidhiwa ndugu yake Jérôme na kuwa na makao makuu Kassel, mji ambamo Jacob Grimm alikuwa mkutubi wa mfalme huyo huku yeye na mdogo wake Wilhelm wakikusanya ngano za Kijerumani. Juzuu ya kwanza ya mkusanyo wao ilitoka mwaka 1812, ikiwa na kisa cha Hänsel na Gretel, watoto wawili waliotelekezwa msituni na wazazi wao kwa sababu ya njaa, ambao wanaikuta nyumba iliyojengwa kwa mkate, paa lake likiwa la keki na madirisha yake ya sukari angavu.

Kisa chenyewe ni cha kale kuliko marufuku ya Napoleon, na si sahihi kudai kwamba vita ndivyo vilivyokizaa. Hata hivyo ni vigumu kuamini kwamba msomaji wa Kassel wa mwaka 1812 aliyapita madirisha yale bila kuyatazama mara mbili. Ikumbukwe pia kwamba mchawi mwenye nyumba haelezwi alikoipata sukari. Msitu hauna miwa wala njia ya wafanyabiashara, nyumba ipo tu, nayo ni mtego. Kanuni mbili za peremende ya kichawi zimekwisha kuwekwa hapa, yaani kwamba inatolewa bure na kwamba haina asili, na waandishi waliofuata waliziheshimu kwa namna ya kushangaza.

Miaka minne baadaye E. T. A. Hoffmann alichapisha kisa cha mwanasesere wa kuvunjia kokwa na mfalme wa panya, ambamo msichana Marie anapelekwa katika ufalme wa vitamu wenye kasri la marzipani, mchanganyiko laini wa lozi zilizosagwa na sukari. Ni kisa hicho kilichotumiwa na Tchaikovsky katika baleti iliyoonyeshwa St. Petersburg kwa mara ya kwanza Desemba 1892. Kati ya tarehe hizo mbili sukari ilishuka bei. Mwaka 1747 mkemia wa Berlin, Andreas Marggraf, alikuwa amethibitisha kwamba sukari hupatikana pia katika kiazi cha biti, na vita vya Napoleon viliugeuza ugunduzi huo kuwa viwanda; mwaka 1874 serikali ya Uingereza ilifuta kabisa ushuru wa sukari; na kabla ya hapo, katika Maonyesho Makuu ya London ya mwaka 1851, wakemia walikuwa wameonyesha manukato ya matunda yaliyotengenezwa maabara bila tunda lolote, yakiwamo ya pea, ambayo watengeneza peremende waliyachukua upesi. Peremende ya senti chache yenye ladha ya tunda lisilokuwamo ilizaliwa hapo. Lewis Carroll alichapisha kisa cha Alice mwaka 1865 katikati ya mageuzi hayo, akampa shujaa wake keki inayomrefusha na vipipi vya sukari anavyowagawia wanyama kama zawadi ya mashindano, bila kuona haja ya kueleza vipipi hivyo vimefikaje mfukoni mwa mtoto: vilikuwa vimeanza kuwa vitu vya kawaida. Kitabu hicho kilitafsiriwa kwa Kiswahili na Ermyntrude Conan-Davies na kuchapishwa London mwaka 1940 kwa jina la Elisi katika Nchi ya Ajabu, mwaka uleule ambao sukari, siagi na nyama ya nguruwe ziliingizwa kwenye mgao nchini Uingereza kuanzia tarehe 8 Januari.

Mgao huo, yaani utaratibu wa serikali wa kumpangia kila mtu kiasi cha bidhaa anachoruhusiwa kununua kwa kitabu cha kuponi, ndio uliozaa peremende ya kichawi mashuhuri kuliko zote. Peremende na chokoleti ziliingizwa kwenye mgao Julai 1942, na kwa muda mrefu wa utaratibu huo mtu mmoja aliruhusiwa wakia 12, ambazo ni kama gramu 340, kwa wiki 4. Vita vilikwisha mwaka 1945 lakini mgao haukwisha. Aprili 1949 serikali iliziachilia peremende, wanunuzi wakazimaliza dukani kwa kasi ambayo viwanda havikuweza kuifuata, na Agosti mwaka huohuo mgao ukarudishwa, ukadumu hadi tarehe 5 Februari 1953. Oktoba 1950, katikati ya kipindi hicho cha pili cha ukame, C. S. Lewis alichapisha kitabu cha kwanza cha mfululizo wake wa Narnia.

Humo mvulana Edmund, mmoja wa ndugu wanne waliohamishwa kutoka London kwa hofu ya mabomu, anaingia Narnia kupitia kabati la nguo na kukutana na Mchawi Mweupe, mtawala aliyeifunga nchi hiyo katika majira ya baridi yasiyokwisha. Mchawi anamuuliza angependa kula nini, naye anaomba lokumu, kitamu cha Kituruki kilaini kinachopikwa kwa shira na wanga, hutiwa marashi ya waridi, hukatwa vipande na kunyunyiziwa sukari ya unga. Tone moja linadondoka kutoka chupa ya shaba, na juu ya theluji linatokea boksi lililofungwa kwa utepe wa hariri ya kijani, lenye ratili kadhaa za lokumu. Anayeionja mara moja huitamani daima, na akiachiwa ataila hadi afe. Ni kwa ajili ya ahadi ya kupewa nyingine ndipo Edmund anakuwa tayari kuwaleta ndugu zake kwa adui.

Wasomaji wa baadaye, hasa wale walioionja lokumu baada ya kukisoma kitabu, wameona ajabu kwamba mtu awasaliti ndugu zake kwa kitu kama hicho. Hesabu ya mgao inaondoa ajabu hiyo. Boksi la ratili kadhaa lilikuwa sawa na mgao wa miezi mingi wa mtoto wa mwaka 1950, tena la kitu kilichohusishwa nchini Uingereza na Krismasi na nyumba zenye uwezo, na linatolewa bila kuponi, bila foleni, kwa kutamka tu. Lewis mwenyewe aliijua hali hiyo kwa karibu, kwa kuwa katika miaka hiyo ya upungufu, akiwa mwalimu wa Chuo Kikuu cha Oxford, alipokea vifurushi vya chakula kutoka kwa wasomaji na marafiki wa Marekani, na barua zake zina shukrani nyingi kwa mapaja ya nguruwe yaliyovuka bahari. Usomaji unaoiona lokumu kama mfano wa dhambi si kosa, kwani Lewis alikuwa mwandishi wa Kikristo na alikusudia hivyo, lakini mfano huo ulishika kwa sababu ulisemwa kwa watu waliokuwa wakihesabu gramu.

Kuhusu kwa nini ilichaguliwa lokumu na si chokoleti, historia ya kitamu hicho inatoa mwanga kidogo. Inasimuliwa nchini Uturuki kwamba Hacı Bekir, aliyetoka mkoa wa Kastamonu na kufungua duka Istanbul mwaka 1777, ndiye aliyekipa umbo lake la kisasa, ingawa vitamu vya jamii hiyo ni vya zamani zaidi katika nchi za Kiislamu. Katika karne ya 19 wasafiri wa Kiingereza walikibeba kama kumbukumbu ya mashariki, na mwaka 1914 kampuni ya Fry ya Bristol ilianza kukiuza kikiwa kimefunikwa chokoleti. Kwa hiyo kilikuwa kitu kinachopatikana dukani na papo hapo kitu cha ughaibuni, na kwa mwandishi wa Kiingereza wa kizazi hicho mashariki ilikuwa bado ghala la anasa na hatari. Kwamba mamilioni ya watu wa Istanbul, Kairo na Beirut walikuwa wakikitumia kumkaribisha mgeni kwa kahawa ni jambo lisilogusa Narnia hata kidogo.

Baada ya mwaka 1953 maduka yalijaa, na hadithi ya mtego ikapoteza makali. Kilichochukua nafasi yake ni kiwanda. Roald Dahl, aliyezaliwa Wales mwaka 1916 kwa wazazi wa Kinorwe, alisoma katika shule ya bweni ya Repton, ambako kampuni ya Cadbury iliwapelekea wanafunzi maboksi ya chokoleti mpya ili wazionje na kuzipa alama. Miaka ya 1930 ilikuwa kipindi cha ushindani mkali wa uvumbuzi, kwani Aero na KitKat zilitolewa na Rowntree ya York mwaka 1935, Maltesers ikatoka kwa Mars mwaka 1936 na Smarties kwa Rowntree tena mwaka 1937, huku makampuni yakifichana siri za mapishi. Dahl alipochapisha mjini New York mwaka 1964 kitabu chake kuhusu Charlie na kiwanda cha chokoleti cha Willy Wonka, alilichukua wazo hilo la siri na majasusi akalikuza hadi mpaka wa kichaa: chingamu yenye ladha ya mlo kamili inayomgeuza msichana kuwa tunda la buluu, na peremende ya duara isiyoisha, ambayo Wonka anasema ameitengeneza kwa ajili ya watoto wenye pesa kidogo sana.

Peremende hiyo ya mwisho ni uvumbuzi wa kiuchumi kabla ya kuwa wa kichawi, na labda ndiyo ya busara kuliko zote katika historia hii. Sehemu nyingine ya kiwanda hicho inamhusu msomaji wa Afrika kwa karibu zaidi. Katika chapa ya kwanza wafanyakazi wa Wonka, walioitwa Oompa-Loompa, walikuwa Waafrika wafupi wa msituni, waliokutwa wakila viwavi na kutamani kakao, ambao Wonka aliwasafirisha hadi kiwandani kwake ndani ya makasha yenye matundu ya hewa na kuwalipa kwa kokwa za kakao. Wako radhi, wanaimba, hawatoki kiwandani kamwe, na baadhi yao hutumiwa kujaribia vitamu ambavyo bado havijawa salama. Malalamiko yalipozidi Marekani, yakiwemo ya chama cha kutetea haki za watu weusi, NAACP, filamu ya mwaka 1971 iliwapaka wafanyakazi hao rangi ya chungwa, na chapa ya mwaka 1973 ikawafanya weupe kutoka nchi ya kubuni ya Loompaland.

Dahl hakuwa mtu asiyeijua Afrika. Mwaka 1938 alitumwa na kampuni ya mafuta ya Shell Dar es Salaam, akajifunza Kiswahili, akaishi humo hadi vita vilipoanza mwaka uliofuata, kisha akajiunga na jeshi la anga jijini Nairobi. Kumbukumbu zake za mwaka 1986 zinawataja kwa upendo Watanganyika waliofanya kazi nyumbani kwake. Mtu aliyekwisha kuzungumza na wenyeji kwa lugha yao angeweza kutarajiwa kuandika jambo jingine. Tena hata mimea ya kisa chake haikubaliani na historia, kwa kuwa mkakao ni mti wa Amerika ulioletwa katika visiwa vya Ghuba ya Guinea karne ya 19, na kuenea kwake Gold Coast, nchi inayoitwa sasa Ghana, ni kazi ya wakulima Waafrika waliopanda na kuuza kwa hesabu zao wenyewe, si ya watu wa msituni waliosubiri kugunduliwa.

Kisa cha makasha, kwa bahati mbaya, kina mwenzake wa kweli. Mwanzoni mwa karne ya 20 sehemu kubwa ya kakao ya Cadbury ilitoka São Tomé, kisiwa kilichokuwa cha Wareno ambacho karne nne kabla kilikuwa kimejaribiwa kama shamba la miwa na watumwa, na ambacho sasa kililimwa na watu waliotolewa Angola kwa mikataba ya kazi ambayo wengi wao hawakurudi nyumbani kutokana nayo. Mwandishi wa habari Henry Nevinson aliifuata njia hiyo kuanzia bara la Angola na kuchapisha aliyoyaona mwaka 1906, chini ya jina lililoiita hali hiyo utumwa wa kisasa. Cadbury, familia ya Wakweka, dhehebu la Kikristo, iliyojivunia kuwajengea wafanyakazi wake kijiji cha Bournville, ilituma mchunguzi wake, ikajadiliana na Wareno, na iliacha kununua kakao ya huko Machi 1909 tu. Gazeti la Standard liliishutumu kwa unafiki, kampuni ikalishtaki kwa kashfa, na Desemba 1909 baraza la wazee wa mahakama la Birmingham likaipa ushindi wenye fidia ya farthing moja, sarafu ndogo kuliko zote za Uingereza wakati huo. Dahl alizionja chokoleti za Repton miaka ishirini hivi baada ya hukumu hiyo, na hakuna dalili katika kitabu chake kwamba aliwahi kuisikia.

Filamu ya mwaka 1971 ilibadili uhusiano wa kitabu na duka. Iligharimiwa na Quaker Oats, kampuni ya nafaka ya Chicago iliyotaka kuuza vitamu kwa jina la Wonka, na kufikia mwaka 1976 peremende ya duara isiyoisha ilikuwa ikiuzwa Marekani, nayo, kama ilivyotarajiwa, iliisha. Hadi hapo hadithi ilikuwa imekopa kutoka dukani, au ilikuwa imejaza pengo la duka. Sasa duka likaanza kukopa kutoka kwenye hadithi, likalipia haki ya jina.

J. K. Rowling aliandika katika utaratibu huo mpya. Kitabu chake cha kwanza cha Harry Potter kilitoka Juni 1997, nacho kina njugu za sukari za Bertie Bott, ambazo zina kila ladha bila kubagua, kuanzia chokoleti hadi ini na nta ya sikio, kwa hiyo kila moja ni bahati nasibu. Umbo lake ni la kale: njugu za namna hiyo hutengenezwa kwa kuzungusha kiini ndani ya sufuria lililoinama huku shira ikimiminwa kidogo kidogo hadi igande tabaka juu ya tabaka, ufundi ambao wauza dawa wa zama za kati waliutumia kufunika mbegu na lozi. Ladha yake, kwa upande mwingine, haikuweza kufikiriwa kabla ya manukato ya maabara ya karne ya 19, kwa sababu ni mkemia tu anayeweza kutenganisha ladha ya kitu na kitu chenyewe. Katika kitabu cha tatu, cha mwaka 1999, chokoleti inarudi hata kwenye kabati la dawa, maana ndiyo inayomrejeshea nguvu mtu aliyenyonywa furaha na walinzi wa gereza la kichawi.

Katika vitabu hivyo hakuna mtego wala mfanyakazi anayeimba. Kuna chapa ya biashara, kifungashio na mkokoteni wa kuuzia ndani ya treni, na Harry, yatima aliyenyimwa vitamu utotoni, analipa kwa fedha zake mwenyewe. Peremende ya kichawi imekuwa bidhaa hata ndani ya hadithi. Haikushangaza, basi, kwamba kampuni ya Jelly Belly ya Marekani, ambayo tangu mwaka 1976 ilikuwa ikitengeneza njugu ndogo zenye ladha mbalimbali, ilizitoa kwa leseni njugu za Bertie Bott za nta ya sikio, udongo, nyasi na matapishi, wala kwamba duka la peremende la kitabuni lilijengwa kwa mbao na vioo katika bustani ya burudani ya Orlando mwaka 2010. Baada ya njugu hizo za leseni kampuni hiyohiyo ilitoa mchezo wake yenyewe, BeanBoozled, ambamo njugu nzuri na mbaya hufanana rangi na mchezaji huzungusha mshale kujua aile ipi. Boksi lake halina jina la Potter wala la Bertie Bott, na mtoto anayeununua anaweza kabisa asijue kwamba mchezo huo una kitabu nyuma yake.